Nilivyokwenda Kuchunguza Ukoo wa Marko Nikakuta Miti Inaoana

Nimerudi. Nyinyi mnaokuja dukani kwangu Granville kukalia matairi yangu bila kununua hata moja, mmeniuliza habari za safari kila mmoja kwa wakati wake, na mimi nimechoka kurudia. Kila nikirudia kuna mtu anasema, "Lakini jana hukusema hivyo." Basi nimeandika. Shule niliishia darasa la tatu, mnajua, lakini kalamu haiombi cheti. Atakayeona kosa la herufi akae nalo.

Kwa nini nilikwenda

Binti yangu Godeliva mnamfahamu. Ni muuguzi kule Liverpool, hii ya Sydney si ya Uingereza, ana miaka thelathini na moja, ana akili kunizidi na anajua. Miaka miwili iliyopita alileta nyumbani fundi umeme mmoja, Marko, amezaliwa hapahapa Sydney lakini asili yao Italia. Kijana mrefu, mpole, anakula ugali kwa uma. Mwaka huu akaja amevaa koti, akakaa kwenye kochi langu, akaniambia anaomba kumwoa binti yangu.

Peke yake! Amekuja kuposa peke yake, kama mtu aliyepata pancha.

Nikamwambia, "Kijana, mimi siongei na wewe. Mzee wenu nani?"

Akasema baba yake alifariki. Mama yake yupo, mama mzuri, lakini nilipomuuliza habari za ukoo alinijibu, "Hayo muulize baba mkwe wangu, mzee Donato. Yuko mlimani kwao, haji huku na hataki kusikia habari za ndege." Nikasema vizuri, nitamfuata. Kwetu Burundi mtoto wa kike hatolewi kwenye nyumba ambayo hujauona mlango wake. Unakwenda, unatazama wanakaaje, wanagombanaje, mbwa wao amenona au amekonda. Ndipo unafungua mdomo.

Godeliva alikasirika. Akikasirika Kiswahili humtoka chote, hubaki Kiingereza kitupu. Aliniambia, "Baba, nitaolewa na Marko ukubali usikubali. Ila ukikataa nitaolewa nikilia, na kilio hicho utakibeba wewe."

Nilipanda ndege na maneno hayo. Mtakapofika mahali pa kunicheka, na mtafika, mkumbuke hilo.

Marko akasema twende wakati wa sherehe ya kijiji chao, maana watu wote wa ukoo huwa wapo. Sherehe gani? Miti inaoana, Baba. Nikamuuliza tena. Miti, Baba. Mmoja bwana, mmoja bibi, na padri anakuwepo. Nikasema moyoni, haya, ukoo nimeanza kuuona kabla sijafunga sanduku.

Sydney mpaka Roma, na bibi wa katikati

Marko alikuwa amepanga tukae viti vya pamoja. Nia yake nzuri, anijazie fomu, anifungulie vile vikopo vya maziwa. Lakini kwetu mkwe na baba mkwe hawabanani namna hiyo. Saa kumi na nne bega kwa bega na mtu anayetaka kuoa kwako? Anione nimelala nimeachama mdomo? Baada ya hapo ataniheshimu kwa kipi?

Nilisimama katikati ya njia nikakataa kukaa. Mhudumu akaja. Akaja wa pili. Watu nyuma wameshika mabegi vichwani. Marko amekuwa mwekundu mpaka masikioni. Kwenye kiti cha tatu, cha dirishani, alikuwa amekaa bibi mmoja mfupi, Mvietinamu wa Cabramatta, mtaa wa hukuhuku Sydney, anakwenda Paris kumwona mjukuu. Akauliza kuna nini. Nikamweleza kwa Kiingereza changu cha gereji: huyu anataka binti yangu, sijampa.

Yule bibi hakuuliza swali la pili. Alifungua mkanda, akahamia kiti cha katikati, akasema, "Kaa. Mimi ukuta."

Mwanamke wa maana kabisa. Alitulisha mayai ya kuchemsha na embe kavu, huku na huku, zamu kwa zamu. Tulipobadilisha ndege kule Uarabuni alinivuta mkono. "Mzee, nimemwangalia njia nzima," akasema. "Hakoromi. Wewe unakoroma. Mpe binti."

Nikamwambia asante kwa mayai, hayo mengine hayamhusu.

Treni iliyogoma

Roma sikuiona. Niliona kituo cha treni, tena nilikiona sana, maana tulikaa saa sita. Wafanyakazi wa treni wamegoma. Sherehe ni baada ya siku tatu, mlima uko kusini mbali, na kwenye ubao kila treni ina neno lilelile jekundu. Marko alikuwa anaona aibu kana kwamba yeye ndiye aliyegoma. Mimi nilifurahi. Mtu humjui akiwa na raha, unamjua akicheleweshwa. Nikakaa juu ya sanduku nikamtazama. Hakutukana. Hakupiga ukuta. Alikwenda akarudi na mkate uliojazwa nyama.

Nikaufungua kuangalia. Nyama mbichi! Imekatwa nyembamba kama karatasi, nyekundu, na mafuta yake meupe bado yapo.

"Baba, si mbichi, imekaushwa kwa chumvi mwaka mzima."

"Mwaka mzima hakuna mtu aliyepata kiberiti?"

Mimi nimekaa kambi ya wakimbizi Kigoma miaka ambayo sitaki kuihesabu, nimekula ambavyo sitavitaja kwenye karatasi, lakini hiyo nyama niliitazama na yenyewe ikanitazama. Mwishoni njaa ikashinda. Ni tamu. Imeandikwa hapo, nimesema, msiniulize tena.

Mzee mmoja mwenye fimbo alikaa karibu yetu, akamuuliza Marko mimi natoka wapi. Marko akasema Australia. Yule mzee akanitazama juu mpaka chini. Akauliza: na kabla ya hapo?

Nikamwambia, "Granville."

Akatikisa kichwa kwa heshima, kama mtu aliyeambiwa mahali pa mbali sana.

Kupanda mlima na kondoo

Treni ilitushusha mji wa bondeni asubuhi iliyofuata. Basi la mlimani halikuwepo. Dereva wake, tuliambiwa, ameshapanda kwenye sherehe, na basi kapanda nalo. Tukasimama barabarani. Kikaja kigari cha mizigo, nyuma kondoo wanane, usukani mama mmoja mnene mwenye sauti ya kuita ng'ambo ya mto. Jina lake Rosa, wa kijiji hichohicho. Mbele pana nafasi ya abiria mmoja tu. Kabla sijasema neno Marko alirukia nyuma kwa kondoo, na suruali yake safi. Hapo nilimpa alama moja. Sikumwambia.

Mimi na Rosa hatuna lugha hata moja ya pamoja, na tuligombana njia nzima. Ilianza hivi. Nilimwonyesha kondoo mmoja kwenye kioo, nikachora tumbo hewani: ana mimba. Akakubali. Nikamwonyesha vidole viwili. Akacheka, akaonyesha kimoja. Nikarudia viwili. Akaachia usukani, na kona ya mlima ile iko pale, bonde lote liko chini ya tairi, akanionyesha kimoja kwa mikono yote miwili. Mimi nimefunga matairi miaka ishirini na nane, najua tairi lake la mbele kulia lilikuwa limekwisha. Nikakubali ni kondoo mmoja mpaka tupite kona.

Tulipofika juu alisimamisha gari, tukashuka, akaniacha nimpapase kondoo mwenyewe. Akapapasa na yeye. Akafikiri. Akanionyesha vidole viwili, akanipiga kofi la mgongoni lililonisogeza hatua moja mbele.

Mezani kwa Donato

Donato ana miaka themanini na nne, mfupi, havui kofia hata ndani ya nyumba. Mikono yake imepasuka na kucha mbili hazipo. Nikaipenda mikono hiyo. Mtu mwenye kucha zote ameishi vipi? Mkewe Filomena hakunisalimia kwa maneno, alinikalisha na kunipakulia. Maharage, tambi alizokata mwenyewe kwa kisu, mwanakondoo, na jibini moja lenye harufu ya soksi za mwanajeshi. Nilikula vyote na soksi nikala.

Jioni hiyo nilifanya kazi iliyonipeleka. Mbwa amenona. Kuni zimepangwa mpaka darini, za ukubwa mmoja. Uzio uliochakaa umeshonwa kwa waya, na waya umekunjwa ncha usimkwaruze mnyama. Kwenye ukuta pana picha ya baba yake Marko, na chini yake kikombe cha maua mabichi. Wazee wale wawili waligombana mara moja tu, juu ya chumvi, na Donato akashindwa akanyamaza. Nilipolala nilikuwa nimeshatoa hukumu. Nyumba ni nyumba. Godeliva hatalia.

Kesho yake mchana ukoo ukaja, watu kama kumi na wanne, meza imeunganishwa na mlango uliong'olewa. Tulipofika kwenye matunda Donato akasimama, akagonga glasi kwa kisu. Marko akatafsiri, sauti inamtetemeka: "Mzee mwenzangu umetoka mbali. Nyumba yetu umeiona. Tunakuomba binti yako awe binti yetu."

Sasa nyinyi mliotoka kwingine mnielewe. Kwetu ukiombwa binti ukasema ndiyo palepale, umemtukana mtoto. Maana yake alikuwa amekuchosha, umepata pa kumtupa. Mara ya kwanza huna binti, na hao wageni wamepotea njia. Mara ya pili unawacheka waliokuja. Mara ya tatu ndipo unawapa kiti. Kazi hii kwa kawaida ni ya msemaji wa ukoo, baba hukaa kimya. Lakini msemaji wetu, mzee Balitazari, alibaki hapa Granville na mguu wake mbovu. Nikaona basi, nitabeba mwenyewe.

Nikasimama. Nikafunga vifungo vya koti. Nikatoa sauti ile ya wazee.

"Binti? Binti gani? Mimi sina binti. Mmepotea nyumba. Rudini mlikotoka kabla jua halijazama."

Marko akawa mweupe. "Baba?"

"Tafsiri."

"Baba, Godeliva..."

"Simjui. Tafsiri!"

Akatafsiri. Mimi nikakaa, nimejipanga vizuri kitini, nasubiri jibu. Kwetu hapo watu hucheka, pombe humiminwa, na msemaji wao hujibu kwamba harufu ya mapishi ya huyo binti imewafikia mpaka kwao, kwa hiyo asifichwe. Nikasubiri. Hakuna aliyecheka. Filomena aliondoa sahani yangu, na tunda la pichi ndani yake nilikuwa nimeliuma mara moja tu. Donato alivua kofia. Mara ya kwanza kukiona kichwa chake, cheupe kama yai. Akatoka nje.

Nikawaza, hawa watu wanajua kweli kuposa. Wamekwenda kujipanga!

Robo saa baadaye simu yangu ikalia. Godeliva, yuko shifti ya jioni, anaongea na mlango wa stoo ya mashuka umefungwa.

"Umewaambia huna binti?"

"Nimesema inavyotakiwa."

"Inavyotakiwa na nani, Baba? Mimi nimezaliwa kambini nikakulia Liverpool. Harusi ulizonipeleka ni za ukumbini na keki na didjei. Hiyo kitu sijawahi kuiona hata mimi. Marko ataijulia wapi? Amenipigia, yuko nje analia!"

Ni kweli. Sikumwonyesha. Nilimlipia shule, nikamfundisha kubadilisha tairi, lakini jinsi anavyopaswa kuombwa sikumwambia. Nilidhani mambo hayo hukaa kwenye damu.

"Nenda ukawaeleze," akasema.

"Haya hayaelezwi, mama. Ukiyaeleza yanakuwa maigizo."

"Basi baki nayo." Akakata.

Nilikaa pale na hasira zangu mpaka zikapoa. Kisha nikamwita Marko nikamweleza, hatua kwa hatua, mara tatu zote. Macho yake yakarudiwa na uhai. Akakimbia kumweleza babu yake zizini. Akarudi ameinamisha kichwa.

"Anasemaje?"

"Anasema mtu mzima akisimama mbele ya watu akamkana mtoto wake, amemkana. Anasema hata Petro alikuwa na sababu zake."

Asubuhi Filomena aliweka vikombe vitatu vya kahawa. Tulikuwa watu wanne.

Miti inaoana

Siku hiyo ndiyo ya sherehe, na mimi nilitembea nyuma ya watu kama mtu mwenye upele. Habari zilikuwa zimeshazunguka kijiji chote. Akina mama walinitazama, wakavuta mabinti zao karibu.

Nikaenda kwa ng'ombe. Jamani, ng'ombe! Mti wa bwana harusi ni mwaloni mrefu kama nyumba ya ghorofa sita, umeangushwa msituni na unavutwa mpaka kijijini na maksai, wawili wawili kwenye nira. Ni wa kijivu, warefu, na pembe zao zimefunguka juu kama mikono ya mtu anayesali. Kama za kwetu. Za ng'ombe wa babu yangu, ambao niliwaona mara ya mwisho nikiwa mtoto, tunakimbia. Nilimshika mmoja shingo nikamsifu kwa Kirundi, maneno ya babu, sikujua kama bado ninayo. Maksai akatulia. Mwenye maksai akanitazama, hakunifukuza. Atakayesema nililia, ni vumbi la gogo.

Padri akabariki lile gogo kwa maji, likiwa limelala barabarani na watu wanne wamelikalia wanakunywa divai. Hakuna aliyeshuka. Padri akawanyunyizia na wao.

Mti wa bibi harusi hutoka msitu mwingine, upande wa chini. Ni mti mdogo, majani yake magumu yana miiba, na watu wa mtaa wa chini huubeba mabegani. Pande mbili zinakutana mlangoni mwa uwanja wa kanisa. Huku gogo na ng'ombe na wazee wa bwana harusi. Mbele yao amesimama Donato, kofia kichwani, jagi la divai mkononi. Ndiye muombaji wao, miaka arobaini sasa. Kule bibi harusi kwenye mabega, na mbele yake nani? Rosa wa kondoo, mikono kiunoni.

Donato akainua jagi akasema kitu. Rosa akajibu kwa sauti iliyogonga ukuta wa kanisa ikarudi. Watu wakapiga kelele.

Nikamvuta Marko. "Wanasemaje?"

"Babu ameomba bibi harusi. Rosa anasema bibi harusi gani? Hapa hakuna bibi harusi. Kaoeni mbuzi."

Sikumwachia. "Halafu?"

Wabebaji wa bibi harusi wakageuka, wakakimbia na mti wao kuteremka, huku wanacheka. Donato akawafuata na jagi lake, divai inamwagika, anachechemea. Akaomba tena. Rosa akaanza kumtukana bwana harusi: amepinda, ana fundo kwenye goti, ndani kuna mchwa. Wakakimbia tena.

Sikungoja ya tatu. Nilipita katikati ya watu, nikapanda juu ya gogo, koti langu na viatu vyangu vya kanisani, nikanyoosha kidole.

"Hilo!" nikapiga kelele. "Hilo ndilo nililofanya mimi! Marko, tafsiri! Mwambie babu yako: kila mwaka mti unakukataa mbele ya kijiji kizima, unaufuata na jagi unacheka. Mimi nimekukataa mara moja, umeninyima kahawa!"

Marko akapanda gogo na yeye. Akatafsiri kwa sauti yake yote, na safari hii haikutetemeka.

Ng'ombe mmoja akanya. Nilimwona Donato anatazama jagi, anamtazama Rosa, ananitazama mimi. Mdomo wake ukafunguka polepole. Kisha Rosa akaanza. Alicheka akakaa chini barabarani, na kijiji kizima nyuma yake. Mzee Donato alicheka bila sauti, amejishika magoti, machozi yanamtoka.

Alipopata pumzi aliwaacha watu wa mti wamesimama na mzigo wao, akaja mpaka kwenye gogo, akainua jagi. Marko hakuhitaji kutafsiri lakini akatafsiri: "Mzee mwenzangu, tunaomba binti yako."

Mara ya pili hiyo. Watu wananingoja. Nikashusha pumzi.

"Nimpe nani? Huyu? Huyu anakula ugali kwa uma! Amekuja kuposa peke yake kama yatima, amepanda mlima na kondoo, mpaka sasa sijui yupi ni yupi! Binti yangu anawachoma watu sindano wakasema asante. Nyinyi mna nini? Jibini la soksi! Ondokeni!"

Marko alitafsiri kila neno, la soksi pia, na hakuna mtu aliyewahi kupigiwa makofi vile. Filomena ndiye aliyepiga kwa nguvu zaidi. Rosa akanishusha kwenye gogo, akaniburuta upande wake, upande wa bibi harusi, akaniweka bega chini ya ule mti wa miiba. Nimebeba. Alama ninazo, njooni mtazame. Donato akaomba mara ya tatu, Rosa akapokea jagi, akanywa, akapangusa mdomo, tukawakabidhi. Mti mdogo ukafungwa kwa kamba kwenye kilele cha ule mkubwa, tukauvuta wote ukasimama katikati ya uwanja, bwana chini, bibi juu. Nikasema hapo wamepatia.

Tukampigia Godeliva kwa video, makelele nyuma yetu. Marko akamsimulia. Alicheka mpaka simu ikamwanguka. Akaniambia, "Baba, ile ya pili nimeipenda, nirekodie. Lakini ya tatu usinichezee."

"Kwani mimi nacheza?"

"Baba."

"Sawa, mama."

Asubuhi ya kuondoka

Niliamka mapema, nikakaa jikoni. Filomena alikuwa ameshaacha kahawa juu ya jiko na vikombe vinne. Nikamimina. Donato akaingia kutoka zizini, amevaa koti la harusi juu ya nguo za kazi, kofia imenyooka. Marko bado amelala. Hapakuwa na mtafsiri, hapakuwa na watu wa kupiga makofi. Wazee wawili na sufuria ya kahawa.

Akasimama mbele yangu. Akasema maneno yake ya mara ya tatu, taratibu, si mengi. Nilisikia "Godeliva" ndani yake, ameshaweza kulitamka.

Ninyi mnanijua. Mimi mdomo haujawahi kunikwama. Nimebishana na benki, nimebishana na kaunsili ya mtaa, nimebishana na polisi nikashinda. Hapo nilikwama. Jibu nilikuwa nalo tangu usiku wa kwanza, nilipoona ule waya umekunjwa ncha. Kumbe zile mara mbili za kukataa hazikuwa za kumpima Donato. Ziliwekwa na wazee kwa ajili ya baba, apate muda wa kuzoea. Na mimi muda wangu nilikuwa nimeutumia kucheka na kurukia magogo.

Donato hakunisukuma. Alisubiri, kofia yake kichwani.

Nikavuta kiti kilichokuwa karibu yangu, nikakigeuza kumwelekea. Nikasema kwa Kirundi, kama babu yangu angesema, "Binti yupo. Kaa."

Akakitazama kiti. Hakukaa. Mzee yule si mjinga, alishaumwa mara moja na maneno yangu. Akaninyooshea kidole ningoje, akatoka, nikamsikia anagonga mlango wa Marko. Marko akaja nywele zimesimama, shati limegeuka ndani nje, anamtazama babu yake, ananitazama mimi.

"Baba, umesemaje?"

Mnisikie vizuri, nyinyi vijana mnaokalia matairi yangu na mna mabinti wadogo nyumbani. Kukataa nilikataa mara mbili, na zote mbili zilikuwa raha. Kukubali pia ilibidi nikubali mara mbili, asubuhi ileile, jikoni kwa watu. Ya kwanza nilisema nikidhani nimemaliza. Ya pili nilimwambia Marko maneno yaleyale kwa Kiingereza, lugha ya Godeliva, na hiyo ndiyo iliyouma.